Usiku nne Rapa Nui (Kisiwa cha Pasaka) na baba mwenye magoti mabovu, nipangeje?

BintiMwalimu

Wakuu habari zenu. Naomba mawazo maana nimesoma mpaka nachanganyikiwa, kila mtu anasema lake.

Baba yangu ni mwalimu wa historia mstaafu, ana miaka 69. Toka mimi mdogo alikuwa na picha ya zile sanamu za Kisiwa cha Pasaka, aliikata kwenye gazeti akaibandika ndani ya jalada la daftari lake la maandalio ya masomo. Daftari lipo mpaka leo, picha imefifia hadi sura hazionekani vizuri, lakini ukimuuliza anakuonyesha kwa kidole hii hapa hii hapa. Sasa Mungu kajalia, mwezi wa kumi tutakuwa Santiago kwa shughuli ya familia, nikaona nisipompeleka safari hii sitampeleka tena. Tiketi za ndege nshakata, tunafika Jumatatu mchana tunaondoka Ijumaa mchana, yaani usiku nne.

Kinachonisumbua ni magoti yake. Kutembea tambarare anatembea vizuri, ngazi na miteremko ndo shida, akishuka sana usiku halali kwa maumivu. Na yeye anataka aone zote, kaniambia hivyo kabisa, "zote". Je usiku nne zinatosha? Nikodi gari tuzunguke wenyewe au nitafute mtu wa kutuzungusha? Na kama kuna sehemu za kuacha basi niambieni ni zipi nimwandae mapema kisaikolojia.

Msafiri_77

Dada hongera kwa kumkumbuka mzee. Nilienda mwaka juzi nikakaa usiku tano, nakuambia nilivyoona mimi.

Usiku nne zinatosha ila usijaze. Kisiwa chenyewe ni kidogo, kilomita za mraba 160 na kitu, kutoka mjini Hanga Roa mpaka ufukwe wa Anakena upande wa pili ni kama nusu saa kwa gari, kwa hiyo watu wanaangalia ramani wanasema siku moja na nusu tunamaliza. Na kweli utamaliza, utashuka garini upige picha upande garini ushuke tena upige picha, ikifika jioni hujui ipi ilikuwa ipi. Moai, yaani hizo sanamu, ziko karibu 900 na zaidi, hiyo "zote" ya mzee haiwezekani hata ukae mwezi, na nyingine hazijamalizwa, nyingine zimevunjika njiani zimelala zinatazama chini.

Mimi ningepanga kwa kuanzia Rano Raraku. Hapo ndo machimbo, sanamu karibu zote zilichongwa hapo kwenye ubavu wa volkano, na mpaka leo zipo karibu 400 hapo hapo. Tiketi ya hifadhi inadumu siku 10 lakini Rano Raraku na Orongo unaingia mara moja tu kila moja, ukitoka umetoka, kwa hiyo usikubali mtu akuingize hapo saa kumi jioni mmechoka baada ya kuzunguka sehemu nyingine tano. Nenda asubuhi, toa nusu siku nzima.

Niseme kidogo kuhusu hapo maana ndo sababu ya kuandika yote haya. Zile zinazoonekana kama vichwa vitupu sio vichwa, zina kiwiliwili chini, udongo ulishuka kutoka juu miaka na miaka ukazizika mpaka mabegani. Halafu ukipanda kidogo unaona zile ambazo hazikutoka kabisa, kuna inayolala chali imechongwa uso, pua, mikono, kila kitu, ila mgongoni bado imeshikana na mwamba kama mtoto ambaye hajakatwa kitovu. Kuna moja ingesimama ingefika mita 21, bado iko ndani ya mwamba wake. Nilisimama mbele ya moja iliyozama mpaka mabega, shavu la kushoto lina madoa meupe ya kuvumwani, ikapita mvua ya dakika tano hivi, zile mvua zao za kuja na kuondoka. Lile jiwe ni majivu ya volkano yaliyoshikana, linakunywa maji kama tofali, likageuka kutoka kijivu likawa jeusi tii, halafu jua likatoka nikaliona linakauka taratibu kuanzia kwenye paji la uso, pua ikabaki nyeusi, midomo nyeusi, macho yameshakauka. Nilikaa hapo hadi likaisha kukauka. Wenzangu walikuwa wameshafika kwenye gari wananipigia simu.

Kwa hiyo mzee wako umpe muda wa kusimama.

kisiki

Mimi natofautiana kidogo na Msafiri. Nilikaa usiku mbili tu 2018 na niliona sehemu zote kubwa, Tongariki, machimbo, Anakena, Orongo, Akivi. Nilikodi gari nikazunguka mwenyewe na tiketi yangu, raha tupu, unasimama unapotaka. Usiku nne na mzee mwenye magoti naona siku ya tatu atabaki hotelini. Kodi gari, maliza vitu viwili siku ya kwanza, viwili siku ya pili, zilizobaki mpumzike ufukweni. Tahadhari moja tu, magari ya kukodi kule hayana bima, kwaruzo lolote ni mfukoni mwako, na farasi wanazurura barabarani bila mtu, usiendeshe usiku.

Dada_Upepo

Kisiki hayo yalikuwa sawa kabla ya korona. Kisiwa kilifungwa Machi 2020 na kilipofunguliwa Agosti 2022 utaratibu ukabadilika, sehemu nyingi za hifadhi sasa huingii bila mwongozaji aliyeidhinishwa au mwenyeji wa Kirapanui. Hifadhi yenyewe inaendeshwa na wenyeji kupitia jumuiya yao inaitwa Ma'u Henua, sio serikali ya Chile moja kwa moja tena kama zamani. Unaweza kukodi gari kweli, lakini getini utasimamishwa kama hamna mwongozaji ndani. BintiMwalimu tafuta mwongozaji sasa hivi kabla ya kitu kingine chochote, na tafuta wa kwenu peke yenu, sio kundi la watu 15, maana kundi linaenda mwendo wa kijana na baba ataona aibu kuwasimamisha.

Mambo mengine ya makaratasi, maana kuna watu wanarudishwa uwanjani pale pale Santiago: 

Kuna fomu ya kuingia kisiwani inajazwa onlaini kabla ya kupanda ndege. Lazima uwe na tiketi ya kurudi. Lazima uwe na nafasi uliyobuku kwenye hoteli au gesti iliyosajiliwa na ofisi ya utalii ya Chile, au barua ya mwaliko ya mkazi. Hapo kwenye "iliyosajiliwa" soma mara mbili, mimi nilibuku chumba kizuri cha bei nafuu kwenye apu nikaja kugundua wiki moja kabla ya safari kwamba mwenye nyumba hana usajili, nikaanza kutafuta upya kwa presha. Mtalii mwisho ni siku 30, hiyo ni sheria ya toka 2018, kwenu haina shida.

Hela, beba peso za Chile za kutosha kutoka Santiago, mashine za kutolea pesa ni chache. Vyakula na maji dukani ni ghali kwa sababu karibu kila kitu kinaletwa kwa meli au ndege kutoka bara, zaidi ya kilomita 3,500. Na saa zao ziko nyuma ya Santiago kwa masaa mawili, ndege ni masaa matano na kitu, mzee atafika mchana wa kule huku mwili wake unaambiwa ni jioni. Siku hiyo msimpeleke popote pa mbali.

BintiMwalimu

Asanteni sana jamani, Dada_Upepo umeniokoa maana gesti niliyokuwa naitaka sijaona popote imeandikwa imesajiliwa, nawaandikia leo leo. Na ya mwongozaji nilikuwa sijui kabisa, nilikuwa nimeshaanza kulinganisha bei za magari.

Msafiri hiyo ya jiwe kukauka nimemsomea baba. Kanyamaza kidogo halafu kasema "basi hapo tuanze". Ila sasa kaleta swali lingine, anauliza kama zile zilizoanguka zinaonekana bado au zote zimeshasimamishwa kwa ajili ya watalii.

MzeeWaRamani

Mwanangu BintiMwalimu, nisalimie huyo mwalimu mwenzangu. Swali lake ni zuri kuliko maswali mengi ninayoyaona humu.

Mwambie hivi. Moai zote unazoziona zimesimama juu ya ahu, yale majukwaa ya mawe, zilisimamishwa upya. Zote. Ilipofika katikati ya karne ya 19 hapakuwa na hata moja iliyosimama kwenye jukwaa lake, zilizobaki wima ni zile za machimbo zilizozikwa na udongo. Ya kwanza kurudishwa ilikuwa 1956 pale Anakena, jukwaa la Ahu Ature Huki, wenyeji 12 walitumia magogo na mawe madogo, wananyanyua kidogo wanasindika mawe chini, wananyanyua tena wanasindika, ikawachukua siku 18. Wakifika Anakena wasikimbilie tu zile za Ahu Nau Nau zenye kofia nyekundu ambazo kila mtu anapiga picha, hiyo moja iliyo peke yake pembeni ndo yenye habari hiyo. Kwa magoti yake Anakena ni rahisi, ni mchanga na minazi. Hapo hapo ndo 1978 lilipopatikana jicho la moai la matumbawe meupe, kabla ya hapo watu waliamini yale matundu yalikuwa matupu tu. Jicho lenyewe liko kwenye jumba la makumbusho pale Hanga Roa karibu na Tahai, dogo tu, lakini nilikaa nalo muda mrefu.

Tongariki ina moai 15 kwenye mstari mmoja. Hizo zilikuwa zimeshaangushwa, halafu Mei 1960 likatokea lile tetemeko kubwa la Chile, la 9.5, tsunami ikavuka bahari ikazichukua zikiwa zimelala ikazisukuma nchi kavu zaidi ya mita mia, mawe ya tani na tani kama maboya. Zilirudishwa miaka ya tisini kwa kreni iliyotolewa na kampuni ya Japani. Kofia moja tu ndo iko kichwani, nyingine zimepangwa chini kwenye majani. Gari linafika karibu, chini ni tambarare, mzee hatapata tabu.

Sasa za kuanguka. Mpelekeni Te Pito Kura, njia ya kwenda Anakena. Watu wanapita. Hapo amelala Paro, karibu mita 10, ndiye mkubwa kuliko wote waliowahi kufikishwa kwenye jukwaa, mila inasema mjane mmoja alimsimamishia mumewe. Amelala kifudifudi, amevunjika shingoni, na kofia yake nyekundu iko mbele yake pale ilipoangukia. Hakuna aliyemgusa. Vinapu pia zimelala, na pale atazame ukuta wa jukwaa, mawe yamefungana hata kisu hakiingii.

Jambo moja la mwisho kwa mwalimu. Vitabu tulivyofundishia vilisema wenyeji walikata miti yote wakauana wakaisha wenyewe. Asiende na hilo kichwani akamwambia mwongozaji. Miti ilikwisha kweli, lakini utafiti wa vinasaba uliotoka 2024 haukuona dalili yoyote ya watu kuporomoka karne ya 17. Kilichowamaliza kina tarehe. 1862 na 1863 meli kutoka Peru zilikuja kukamata watumwa, waliorudishwa walikuwa wachache na walirudi na ndui, na ikifika 1877 kisiwa kizima kilikuwa na watu 111. Mia moja na kumi na moja. Waliokuwa wanajua kusoma maandishi yao ya rongorongo walikwenda na hiyo, na mpaka leo hakuna anayeyasoma. Mwongozaji atakayewazungusha ni mjukuu wa hao 111. Nilimuuliza wa kwangu akanihesabia ukoo wake kwa vidole, hakufika mbali akawa ameshawafikia.

kisiki

Mzee nimekuelewa, na Dada_Upepo nakubali nilikuwa na habari za zamani. Nilipita Te Pito Kura mara mbili kwa gari sikusimama. Nasikitika kwa kweli.

Msafiri_77

Naongezea kwenye maswali ya magoti maana naona tumeyaacha.

Rano Raraku njia inapanda, sio ndefu lakini ina vipande vya kupanda na kushuka vyenye mawe na ikinyesha inateleza. Sehemu ya mwanzo ambako sanamu nyingi zimezama inafikika taratibu na fimbo, ile ya juu kwenye sanamu kubwa isiyokamilika ndo ya kuangalia hali yake siku hiyo. Kuna moto uliwaka hapo Oktoba 2022 ukaharibu sanamu kadhaa, mwongozaji atawaonyesha, inauma kuona. Orongo gari linapanda hadi juu, unatembea kidogo tu kwenye nyumba za mawe, na unapata kuona kreta ya Rano Kau ina maji na mafunjo chini, na upande wa pili bahari na vile visiwa vitatu. Motu Nui ndo kile ambacho wenyeji wa zamani walikuwa wanaogelea kwenda kungoja yai la kwanza la membe, na wa kwanza kurudi nalo bosi wake anapewa cheo cha mtu-ndege kwa mwaka mzima. Mwamba wenyewe ni mrefu mno, ukisimama pale unaelewa kwamba wengine hawakurudi. Upepo ni mkali, avae kitu kizito. Akivi zile saba tambarare kabisa. Puna Pau walikochimba kofia nyekundu kuna kupanda kidogo, ningeacha. Terevaka acha, huo ni mlima wa mita 507 wa kupanda kwa miguu au farasi.

Na Tahai msiiache, hiyo iko mjini, mnatembea taratibu jioni ya kwanza mkishapumzika. Ko Te Riku iko hapo, yenye kofia na imewekewa macho ya kuigiza ya zamani. Jua linazama nyuma yao.

Dada_Upepo

Na mtajie mapema kwamba hairuhusiwi kugusa moai wala kukanyaga ahu, hata pale inapoonekana kama mawe tu yaliyomwagika. Ndani ya ahu kuna mifupa ya watu, ni makaburi. 2008 mtalii mmoja alivunja kipande cha sikio akapigwa faini ya dola 17,000. Mzee wa miaka 69 hatavunja sikio najua, ila akichoka anaweza kutafuta jiwe la kukaa, na hapo ndo kosa linatokea kwa nia njema kabisa. Bebeni kigoda kile cha kukunja. Sehemu nyingi hakuna kivuli wala benchi, kofia na maji kila siku hata kukiwa na mawingu.

BintiMwalimu

Shikamoo Mzee wa Ramani, na asanteni nyote kwa kweli. Gesti wamenijibu hawana usajili, nimehama, nimepata nyingine mjini ambayo Tahai ni kutembea. Mwongozaji nimempata, ni mama wa Kirapanui anaongea Kihispania na Kiingereza, nikamweleza magoti akasema hana haraka na ana kigoda garini.

Nilivyopanga sasa ni hivi, mnisahihishe. Jumatatu kupumzika na jioni Tahai. Jumanne asubuhi nzima Rano Raraku, halafu Tongariki kwa sababu ziko karibu karibu, tukirudi basi hakuna kingine. Jumatano Orongo asubuhi na Vinapu, mchana alale. Alhamisi Te Pito Kura, Anakena tukae mpaka tuchoke, tukirudi tupitie Akivi kama magoti yanaruhusu. Ijumaa makumbusho kuona lile jicho kisha uwanjani. Puna Pau na Terevaka nimefuta.

Nilimsomea baba majibu yote jana usiku. Ilipofika ile ya watu 111 kaniambia nirudie. Halafu akaenda kuchukua lile daftari, anasema ile picha yake anadhani ni Tongariki lakini hana uhakika, maana sanamu zimelala chini, hazijasimama. Miaka yote mimi nilikuwa naona ni mawe tu nyuma ya watu.

MzeeWaRamani

Mpango ni mzuri, usiongeze kitu. Kama sanamu zimelala na nyuma kuna ukuta wa mlima upande mmoja na bahari upande mwingine, basi ni Tongariki kabla ya miaka ya tisini. Mwambie aende nayo hiyo picha, asimame pale zilipokuwa zimelala. Getini pale kuna moja imesimama peke yake, ndo iliyopelekwa Japani kwenye maonyesho ikarudi, aanzie hapo ndo ageuke.

BintiMwalimu

Kuna mlima, mzee. Nimeangalia sasa hivi kwa tochi ya simu, upande wa kushoto kuna mlima. Namwamsha nimwambie.